Uzito wa Mpira wa Bolingi: Mwongozo kwa Mchezaji wa Kawaida

(Maelezo yaliyotolewa kwa wakazi katika kikao cha afya na michezo)



Mchezo wa bolingi umewafikia Wakenya wengi kupitia maduka makubwa ya mijini, hasa jijini Nairobi. Familia huenda kusherehekea siku ya kuzaliwa ya mtoto, chama huenda kufunga mwaka, na vijana huenda na marafiki wikendi. Wengi wao hucheza mara mbili au tatu tu kwa mwaka. Hawana kocha wala mpira wao wenyewe. Hufika ukumbini, wakakodi viatu, kisha wakasimama mbele ya rafu iliyojaa mipira ya rangi mbalimbali bila kujua wachukue upi.

Hapo ndipo makosa huanzia. Kijana huchukua mpira mzito kuliko yote kwa sababu wenzake wanamtazama. Mama huchukua wenye rangi aipendayo. Mtoto huachiwa ule aliokuwa akitumia baba yake. Kabla saa moja kwisha, mmoja ameshika kifundo cha mkono, mwingine anasugua bega, na Jumatatu kazi inawangoja. Kwa mwashi, mshonaji, msusi, mwendesha bodaboda au mkulima, mkono uliotegua ni mapato yaliyosimama. Kwa hiyo suala la uzito wa mpira linastahili dakika chache za kufikiria kabla ya mchezo kuanza.

Jambo la kwanza ni kusoma namba. Kila mpira wa ukumbini huandikwa namba, kwa kawaida kuanzia 6 hadi 16. Namba hiyo ni uzito kwa ratili, na ratili moja haifiki nusu kilo. Mpira wa namba 6 una kilo 2.7, wa namba 8 kilo 3.6, wa namba 10 kilo 4.5, wa namba 12 kilo 5.4, na wa namba 14 kilo 6.4. Kanuni za mchezo haziruhusu mpira kuzidi ratili 16, yaani kilo 7.26. Huo ndio uzito wa tufe wanalorusha wanaume katika mashindano ya riadha. Anayeshika namba 16 kwa mara ya kwanza anabeba uzito ambao wanariadha huuzoea kwa mazoezi ya miaka.

Macho hayawezi kumsaidia mchezaji hapa, kwa kuwa mipira hiyo hukaribiana sana kwa ukubwa. Mwepesi na mzito yote ina mzingo wa takriban sentimita 68, karibu sawa na mpira wa kandanda wa watu wazima. Tofauti imo ndani, wala rangi si kipimo cha kutegemewa. Namba ndiyo ya kuangaliwa.

Jambo la pili ni kufikiria mchezo mzima. Mchezo mmoja una zamu 10, na katika kila zamu mchezaji hurusha mara mbili, isipokuwa ameangusha pini zote 10 kwa mrusho wa kwanza. Mwanagenzi basi hurusha karibu mara 20. Akitumia mpira wa namba 10, atakuwa ameinua jumla ya kilo 90, yaani gunia moja la mahindi. Akitumia wa namba 16, atakuwa ameinua kilo 145, zaidi ya gunia moja na nusu. Na wengi hawachezi mchezo mmoja. Katika michezo mitatu, namba 16 inakaribia magunia matano, yote yakipitia kifundo kimoja, kiwiko kimoja na bega moja. Mpira uliokuwa mwepesi katika mrusho wa kwanza si lazima uwe mwepesi katika mrusho wa hamsini. Mchezaji mwenye busara huchagua ule ambao mkono wake utauweza hadi mwisho.

Je, aanzie wapi? Wachezaji wengi hutumia kipimo cha sehemu moja kwa kumi ya uzito wa mwili. Mtu wa kilo 60 huelekezwa kwenye mpira wa kilo 6, ambao ni namba 13. Kipimo hicho ni cha kuanzia tu. Hakijui kama mtu ana nguvu za mikono, kama aliwahi kuumia bega, au kama kilo zake nyingi ziko tumboni. Mtu wa kilo 100 akikifuata neno kwa neno atatafuta mpira wa kilo 10, ambao haupo. Kwa anayecheza mara moja moja, ni salama kushuka namba mbili au tatu. Yule wa kilo 60 aanze na namba 10 au 11, na akiona ni rahisi mno aongeze namba moja.

Anayetaka kujua uzito huo kabla ya kulipa anaweza kujipima nyumbani. Lita moja ya maji ni kilo moja. Mtungi wa plastiki wa lita 5 ukijazwa maji unakaribia mpira wa namba 11, na ukitiwa lita 4 unakaribia namba 9. Auninginize mkononi, mkono ukiwa umenyooka kando ya mwili, kisha aubembeze polepole mbele na nyuma. Bega likivutwa chini au mwili ukiinama upande mmoja, uzito huo bado ni mwingi.

Ukumbini kuna jaribio jingine. Mchezaji asimame wima, ashike mpira kwa mikono miwili kifuani, kisha anyooshe mikono mbele na kuhesabu hadi tano. Mikono ikitetemeka, au akilazimika kurudisha mgongo nyuma, aurudishe kwenye rafu na kuchukua mwepesi zaidi.

Jambo la tatu ni matundu ya vidole. Mpira hushikwa kwa kidole gumba, kidole cha kati na kile kinachofuata kuelekea kidole cha mwisho. Gumba liingie lote na litoke bila kukwama. Tundu likibana, gumba hukawia kutoka na kifundo huvutwa vibaya. Likiwa pana, mchezaji hulazimika kuubana mpira kwa nguvu, na hata mpira mwepesi humchosha. Mara nyingi mipira myepesi hutobolewa matundu madogo, kwa kuwa imekusudiwa watoto. Mtu mzima mwenye vidole vinene asikimbilie mzito kwa sababu hiyo. Apekue rafu nzima, au amwombe mhudumu amtafutie namba ndogo yenye matundu mapana.

Mchezo ukishaanza, mpira wenyewe utatoa habari. Ukianguka kwa kishindo kwenye mstari, mchezaji akiyumba baada ya kuuachia, au ukizidi kupungua kasi kila zamu, ni mzito. Ukiruka hewani kabla ya kugusa sakafu, au ukiyumbishwa ovyo na pini, huenda ni mwepesi mno. Kubadilisha mpira katikati ya mchezo kunaruhusiwa, wala si aibu.

Vijana husema mpira mwepesi hauangushi pini. Pini moja ina uzito wa takriban kilo moja na nusu, kwa hiyo hata namba 10 ni mzito mara tatu ya pini. Ni kweli mzito hauyumbishwi sana unapogonga, lakini lazima ufike ukiwa na kasi na ukiwa umelenga. Umbali kutoka mstarini hadi pini ya mbele ni mita 18. Wa namba 10 unaofika ulikotumwa una faida kuliko wa namba 15 unaoishia mferejini.

Kwa watoto, kipimo cha kawaida ni ratili moja kwa kila mwaka wa umri: wa miaka 6 apewe namba 6, wa miaka 8 namba 8, na akilemewa ashushiwe. Kumbi nyingi zina ngazi ndogo ya kuteremshia mpira, ambayo humwezesha mtoto mdogo kucheza bila kuinua. Ngazi hiyo humfaa pia babu au nyanya asiye na nguvu za mikono, na mchezaji anayetumia kiti cha magurudumu. Mjamzito, mwenye maradhi ya moyo, au aliyeumia mgongo au bega, amwone daktari kwanza.

Mwisho, majeraha mengine hutokea mchezaji akiwa bado hajarusha. Mpira uokotwe kwa mikono miwili, magoti yakiwa yamekunjwa, viganja vikishika pande zisizogusana na mipira mingine, kwa maana mpira unaorudi huweza kubana vidole. Watoto wasimame mbali na anayerusha, na asiwepo wa kuchezea mpira juu ya miguu ya wenzake.

Mzazi atakayeipeleka familia yake huko, dakika tano za kumchagulia kila mmoja mpira wake zitatosha. Kijana amchagulie nyanya, mama amchagulie mtoto, na hakuna atakayeuliza aliyeshinda alikuwa na namba gani. Kilicho muhimu ni wote warudi nyumbani na mikono yao salama, tayari kwa kazi ya kesho.