Mkataba Usiosomeka kwa Sauti

Tumfikirie mchuuzi wa dagaa asiyeona, hapa Mwaloni Kirumba, aliyetumiwa mkataba wa mkopo kwa simu. Mkataba ukiwa ni picha ya karatasi, programu ya simu inayosoma kwa sauti huenda isitamke hata neno moja. Atalazimika kumfunulia mwingine siri ya deni lake, au kukubali riba asiyoijua.

Kipimo ni chepesi: washeni programu hiyo katika mipangilio ya simu, mfungue waraka, msikilize. Je, riba na tarehe ya marejesho vinasomwa? Visiposomwa, daini nakala ya maandishi kabla ya kukubali. Sheria ya Watu Wenye Ulemavu ya mwaka 2010 inatambua haki yao ya kupata habari.