Vali ya Chini: Tatizo Kuu la Pampu za Plastiki Zinazotengenezwa Nyumbani

Mada kwa semina ya mafundi na wajumbe wa vyombo vya watoa huduma ya maji ngazi ya jamii, Utete



Nimeombwa nizungumzie utengenezaji wa pampu ya mkono kwa mabomba ya plastiki. Maelezo ya awali nayapitia haraka, maana nyote mmeshawahi kuishika. Pampu ina bomba la nje, fimbo, vali ya juu inayotembea na fimbo, na vali ya chini inayokaa palepale. Naomba pia nieleweke: pampu ya nyumbani si mbadala wa miradi ya RUWASA, chombo kilichoundwa kwa Sheria Na. 5 ya 2019 na chenye dhamana ya maji vijijini. Sera ya Maji ya mwaka 2002 ilitaka kituo kimoja kihudumie watu 250 ndani ya mita 400. Hii ya kwetu ni ya kaya moja au mbili tatu, kwa mama ambaye leo anachota kwa ndoo na kamba, au anashuka mtoni kwenye mamba.

Kuhusu kina, pampu ambayo vali zake zote ziko juu ya ardhi haivuti maji kutoka zaidi ya mita 7 hivi, hata aiunde fundi gani. Bondeni mwa Rufiji, kwenye mashamba ya mlau yanayolimwa mafuriko yakishapungua, inatosha. Lakini wengi wetu hatukai bondeni tena. Operesheni ya vijiji ya mwishoni mwa miaka ya 1960 ilituhamishia juu, na huku maji yako mbali zaidi. Kwa hiyo vali zote mbili hazina budi kushuka ndani ya maji, kama zilivyo kwenye pampu za Nira zilizofungwa na mradi wa Wafini kwa majirani zetu wa Lindi na Mtwara.

Kuhusu upana, kila fundi mpya anataka bomba nene. Bomba lenye kipenyo cha ndani cha milimita 40, fimbo ikivutwa sentimita 30, linajaza ndoo ya lita 20 kwa mivuto 53 hivi. La milimita 50 linaijaza kwa mivuto 34. Ila maji yakiwa mita 10 chini, la kwanza linamdai mvutaji kilo 12 na nusu kila mvuto, la pili karibu kilo 20. Na anayevuta mara nyingi ni mtoto wa darasa la tatu. Nashauri milimita 40.

Sasa nije kwenye jambo lenyewe. Pampu hizi hazifi kwa sababu ni za plastiki. Zinakufa kwa vali ya chini. Ardhi yetu imeletwa na mafuriko, na mchanga laini wa mto unatembea na maji hadi visimani. Chembe chache zikikaa chini ya gololi inayoziba tundu la vali, gololi haifungi, na kila fimbo inaposhuka maji yanarudi yalikotoka. Mama anavuta mpaka mabega yanauma, ndoo haijai. Mwishowe anamimina kopo la maji kwa juu ili kuusukuma mchanga, na maji ya kopo hilo ni ya dimbwi. Kisima kilichofunikwa vizuri kwa zege kinachafuliwa kwa kupitia pampu yenyewe.

Dawa inayopendwa ni chandarua, kinakunjwa na kufungwa kwenye mdomo wa bomba kwa mpira wa tyubu ya baiskeli. Tundu la chandarua lina zaidi ya milimita moja. Mchanga laini hauzidi robo ya milimita. Huko ni kutega dagaa kwa jarife la papa. Msumeno wa chuma nao unaacha mwanya wa karibu milimita moja, kwa hiyo chujio la kukata kwa msumeno peke yake halifai. Kitambaa cha poliesta kilichofumwa kwa kubana, kikishonwa kama soksi, kinapunguza mchanga, lakini kikibana mno kinaziba. Mchanga utaingia tu. La kujiuliza ni nani atautoa, na kwa vifaa gani.

Hapo ndipo ugomvi wangu wa miaka mingi ulipo. Mafundi wengi wanaibandika vali ya chini kwa gundi. Mchanga ukiingia inabidi pampu nzima ing'olewe: mita 10 au 12 za bomba zinapinda hewani, kiungo kinaachia, kipande kinabaki kisimani. Si kwamba hatukuonyeshwa njia. Pampu ya Afridev, iliyojaribiwa Kwale kwa ndugu zetu wa pwani ya Kenya miaka ya 1980, ilibuniwa ili vali ya chini ivuliwe kwa kupitia ndani ya bomba, na wanakijiji wenyewe. Miaka arobaini baadaye bado tunawafundisha vijana kubandika! Sitaki nionekane nalaumu mradi wowote, lakini taarifa za mafunzo huhesabu pampu zilizofungwa. Zinazotoa maji baada ya masika hazihesabiwi.

Namna ya kufanya si ngumu. Karibu na mwisho wa bomba la nje, weka shingo: kiungo kinachopunguza upana. Vali itengenezwe kwenye kipande kifupi cha bomba jembamba, kivikwe pete ya mpira wa tyubu, kiwe na kitanzi kigumu kwa juu. Kidondoshwe ndani, kisukumwe kwa fimbo hadi kikalie shingo kwa kubana kiasi. Kukivua, toa fimbo, funga ndoano kwenye ncha yake, shusha, nasa kitanzi, vuta. Suuza gololi, rudisha. Anayelainisha bomba kwenye jiko la mkaa ili kulipa umbo asiliache likaungua, moshi wake ni sumu.

Wenzetu wa Kibiti upande wa delta wana neno lao la ziada: chumvi. Maji matamu huko yanaelea juu ya maji ya bahari. Kisima kisichimbwe kirefu kwa tamaa, wala asifungiwe mtu pampu ya injini mahali pa pampu ya mkono.

Mapendekezo. Vali ya chini isibandikwe kwa gundi kwenye pampu yoyote itakayofundishwa wilayani. Mdomo wa bomba uning'inie angalau nusu mita juu ya sakafu ya kisima, na kisima kipya kichotwe hadi maji yatakate kabla ya pampu kuingia. Chandarua kibaki kitandani. Bomba lililo juani lipakwe rangi, maana jua linalikausha na kulivunja. Mdomo wa kisima uinuliwe. Waliokumbwa na mafuriko ya Aprili 2024 hawahitaji kuelezwa sababu. Bodi ya Maji ya Bonde la Rufiji iombwe ushauri kabla ya kuchimba, ingawa makao yake yako Iringa na nauli tunaijua. Maduka ya Ikwiriri na Kibiti yahimizwe kuweka bomba la kipimo kimoja, ili spea ya kaya moja iingie kwa jirani. Vali ya chini, narudia, isibandikwe. Taarifa za mafunzo zihesabu pampu zinazotoa maji mwezi Juni, baada ya masika. Na fundi asimaliziwe malipo yake mpaka mwenye nyumba, yeye mwenyewe na bila kusaidiwa, aivue vali, aisuuze, airudishe na kujaza ndoo.