Televisheni ya Kijiji: Nani Aseme, Nani Asikilize?



Nimeombwa nizungumze juu ya televisheni. Sitazungumzia mashirika makubwa yenye minara mirefu, bali kituo kidogo ambacho matangazo yake yaliishia katika bonde moja la milima ya Catskill, Jimbo la New York, nchini Marekani. Kituo hicho kiliitwa Lanesville TV.

Chanzo chake ni kukataliwa. Mwaka 1969 kikundi cha vijana kilichojiita Videofreex kiliajiriwa na shirika la televisheni la CBS ili kitayarishe kipindi cha kuonyesha mawazo ya vijana wa wakati ule. Walisafiri na kamera ndogo za kubeba mkononi. Huko Chicago walimhoji Fred Hampton, kiongozi wa chama cha Black Panther, majuma machache tu kabla ya polisi kumwua kwa risasi tarehe 4 Desemba mwaka huo huo. Wakubwa wa CBS walipoonyeshwa kazi hiyo, waliikataa.

Hapo vijana wale wakatambua jambo ambalo sisi tulio katika kazi ya kuelimisha umma hatuna budi kulikumbuka: mwenye mtambo ndiye achaguaye nani asikike. Mwaka 1971 walihama mjini, wakaenda kukaa Lanesville, kijiji cha watu mia chache. Machi 1972 wakaanza kurusha matangazo kwa mtambo mdogo waliopata kwa msaada wa mwanaharakati Abbie Hoffman. Leseni hawakuwa nayo.

Walionyesha nini? Waliwaonyesha wanakijiji wenyewe, kazi zao, watoto wao, habari za jirani na vichekesho walivyoigiza pamoja. Mtazamaji aliweza kupiga simu na kusema neno lake wakati kipindi kikiendelea. Hivyo mtu aliyezoea kutazama tu akawa naye msemaji. Hadi kituo kilipokoma mwaka 1977, vipindi zaidi ya 200 vilikuwa vimetangazwa.

Ndugu zangu, sisemi kwamba kuvunja sheria ni jambo la kusifiwa. Mawimbi ya hewani ni mali ya umma, na pasipo utaratibu kila mmoja atamziba mwenzake mdomo. Lakini sheria nayo haina budi kumpa mnyonge nafasi. Mwaka 1982 tume ya mawasiliano ya Marekani iliruhusu rasmi vituo vya televisheni vya nguvu ndogo. Hata hivyo, vingi kati ya vituo hivyo vikawa vya kurudia tu vipindi vilivyotengenezwa mbali na kutangaza bidhaa. Leseni ilipatikana, lakini sauti ya kijiji haikusikika.

Basi leseni peke yake haitoshi, wala mtambo peke yake hautoshi. Leo kijana mwenye simu ya mkononi amebeba kamera bora kuliko zile za mwaka 1969. Tujiulize: je, shuleni tunamfundisha kuyatazama mambo ya kwao na kuyaeleza, au kurudia tu yasemwayo na wengine? Nasi watumishi, tunapokwenda vijijini, je, tunakwenda kusema tu, au kusikiliza pia?

Mwalimu asiyeruhusu swali darasani hana haki ya kulilaumu shirika la CBS.