Nyota Isiyokuwako na Shamba Lililoko

Leo tutazungumza juu ya nyota ambayo haiko, na juu ya mashamba ambayo yako.

Katika mkutano wetu mmoja, mama mmoja mkimbizi alisimama akaniuliza: «Mwalimu, tumesikia nyota kubwa nyekundu inakuja kugonga dunia. Jirani yangu anataka kuuza shamba aliloacha kijijini. Anasema, shamba la nini tena? Sisi tufanye nini?» Watu wachache walicheka. Mimi sikucheka. Mtu aliyeona nyumba yake ikiungua anaweza kuamini upesi kwamba dunia nzima itaungua.

Basi tuichunguze habari hii kama hakimu anavyochunguza ushahidi.

Swali la kwanza: ni nani amesema? Nyota hiyo inaitwa Nibiru. Jina ni la kale, la watu wa Babeli, nao walilitumia kwa nyota waliyoiona kwa macho yao, mara nyingi sayari ya Jupita. Mwaka 1976, huko Marekani, mwandishi Zecharia Sitchin alitoa kitabu akidai kuwa Nibiru ni sayari iliyofichika. Baadaye mama mmoja wa huko huko, Nancy Lieder, akatangaza kwamba sayari kubwa itatujia mwaka 2003. Mwaka 2003 ukapita. Wengine wakaisogeza siku hadi tarehe 21 Desemba 2012. Nayo ikapita. Shahidi anayebadilisha siku kila mara, barazani tungemwambia akae chini.

Swali la pili: iko wapi? Sayari kubwa haiwezi kujificha, kwa sababu kila sayari huzivuta nyingine. Mwaka 1846 wataalamu waliipata sayari ya Neptuni kwa kuwa ilikuwa ikiivuta Urano katika njia yake. Walipiga hesabu, wakaelekeza darubini, wakaiona. Kama Nibiru ingekuwa karibu kufika, ingevuta dunia yetu na Mirihi, nasi tungeiona bila darubini. Tena, mwaka 2010 darubini ya Wamarekani iitwayo WISE, iliyorushwa juu angani, ilipiga picha mbingu yote. Hata katika umbali mara 10,000 wa ule ulio kati yetu na jua, hawakukuta sayari mpya yenye ukubwa wa Zohali. Na ukiona usiku nyota nyekundu isiyometameta, hiyo ni Mirihi. Iko pale tangu zamani za mababu.

Hofu ya mbingu si ya watu wasiosoma tu. Mwezi wa Mei 1910 ilionekana nyota yenye mkia iitwayo Halley, na watu wengine wa Ulaya na Marekani walinunua vidonge vya kujikinga na sumu ya mkia ule. Mkia haukumdhuru mtu. Lakini mwezi ule ule, huko Bruseli, Wabelgiji, Wajerumani na Waingereza walikuwa mezani wakimaliza mapatano ya mipaka ya Kivu, na mto wetu Ruzizi ukawa mpaka. Nyota ilienda zake, ikarudi mwaka 1986, na itarudi mwaka 2061. Mpaka umebaki.

Swali la tatu: nani anapata faida nikiamini? Jirani zetu wa Uganda walilipa bei kubwa kwa kutouliza swali hili mapema. Huko Kanungu, dini moja ilifundisha kwamba dunia itaisha tarehe 31 Desemba 1999. Waumini waliuza mali zao, feza wakawapa viongozi. Siku ikapita, wengine wakaanza kudai mali yao. Tarehe 17 Machi 2000 mamia waliteketea ndani ya nyumba ya sala iliyofungwa. Pamoja na maiti zilizofukuliwa baadaye mahali pengine, waliokufa walizidi 700.

Nami nilimwuliza yule mama: «Huyo anayetaka kununua shamba la jirani yako, je, amesikia habari ya nyota?» Akasema amesikia. «Na la kwake analiuza?» Mama akanyamaza, kisha mkutano mzima ukaelewa.

Wandugu, katika Bushi mnajua kalinzi ni nini. Babu alimtolea mkubwa wa udongo ng'ombe, shamba likawa la watoto na wajukuu. Si kama bwasa, ambayo ni ya muda, na mwenye bwasa hapandi migomba. Kuuza kalinzi kwa bei ya mbuzi kwa sababu ya uvumi ni kumnyang'anya mtoto ambaye hajazaliwa. Katiba ya mwaka 2006, artikli ya 34, inasema Serikali inalinda haki ya mali iliyopatikana kwa sheria au kwa desturi. Kukimbia vita hakufuti haki hiyo.

Kwa hiyo ninawaomba mambo matatu. La kwanza: redio trotwari ikikuletea habari, iulize yale maswali matatu kabla ya kuipeleka kwa mwingine. La pili: usiuze shamba ukiwa na hofu. Mume na mke wapatane kwanza, waite wazee na majirani wa mpakani, na neno liandikwe. La tatu ni lenu, mashefu na wachungaji: uvumi hutafuta mwenye kosa. Leo watasema nyota inakuja, kesho watasema imeletwa na yule bibi kizee, au na hawa wageni waliokimbia. Neno hilo likatazeni siku ile ile linapoanza, kwa sababu likishapata vijana wenye mapanga, ninyi mtakuwa mmechelewa.

Mwisho wa dunia anaujua Mungu. Sisi tunajua mvua ya Septemba itakuja, na mbegu ya maharagi inatafutwa mapema. Mama, mwambie jirani yako hivyo.