Dirisha la Ofisini

Mwaka 2007 László Nemes wa Hungaria alitengeneza filamu fupi iitwayo Türelem, yaani Subira. Karani mwanamke yumo ofisini na karatasi zake. Kamera yamwandama usoni, hata sisi tunaotazama twajiona tumefungiwa pamoja naye. Ofisi ni safi, tena tulivu, tuogope nini? Mwishowe twafika dirishani. Nje, penye miti, walinzi wamewakusanya wafungwa. Ni siku zile Wayahudi walipokuwa wakiuawa. Karani afunga dirisha.

Hakumpiga mtu, wala hakumtukana. Sisi twadhani mpweke ni yule asiye na watu karibu. Huyu anao wengi, ng'ambo ya kioo tu.