Kisa cha Kweli na Riwaya, Vyote Viwili

Ndugu wasikilizaji wa Kasongo na Kabambare, leo tunazungumzia kuchagua vitabu. Wengi wetu husoma vya dini au vya shule, basi. Jaribuni kusoma kisa cha kweli pamoja na riwaya inayogusa mambo yale yale.

Anzeni na maisha ya Tippu Tip, aliyoyasimulia mwenyewe kwa Kiswahili. Kasongo yetu imo. Ila kumbukeni, huyu ni mfanyabiashara wa pembe na watumwa anayejieleza. Waliotekwa hawapewi nafasi ya kusema. Ndiyo maana nawasihi msome pia riwaya ya Abdulrazak Gurnah ya 1994, ambayo Ida Hadjivayanis ameitafsiri kwa jina la Peponi. Humo msafara wa biashara tunauona kwa macho ya Yusuf, kijana aliyetolewa na babake kwa sababu ya deni.

Kisha zipo daftari za msafiri Livingstone. Mwaka 1871, akiwa Nyangwe, karatasi zilikuwa zimemwishia, akawa anaandika juu ya gazeti kuukuu kwa wino wa mmea wa huko. Ndivyo alivyoandika habari za mauaji ya sokoni ya tarehe 15 Julai, ambamo wanawake wengi waliuawa.

Mnaosoma Kifaransa, na hasa ninyi wa Kabambare mliosikia wazee wakisimulia uasi wa 1964, mtafuteni mwandishi Mudimbe: Entre les eaux, ya 1973, riwaya ya padri anayejiunga na waasi.

Mkivitafuta vitabu hivi, muulizeni mwalimu, padri au shehe ana nini kabatini. Ukiazima, andika jina lako na tarehe ya kurudisha.