Kitabu Kizima, si Mstari Mmoja



Tulipoombwa kusema neno katika yubile hii, tulimkumbuka mwalimu Myer Pearlman. Alizaliwa Edinburgh, Scotland, mwaka 1898, katika jamii ya Kiyahudi, akafundishwa Kiebrania tangu utotoni. Akiwa kijana huko San Francisco, Marekani, alipita karibu na misheni ya Kipentekoste akasikia watu wakiimba wimbo wa F. A. Graves kuhusu asali itokayo mwambani. Uimbaji ndio uliomvuta. Baadaye akamwoa binti wa mtunzi huyo! Wanakwaya, msicheke, mambo haya hutokea hata kwetu.

Alihitimu chuo cha Biblia cha Assemblies of God mjini Springfield, Missouri, mwaka 1925, akafundisha hapo mpaka alipofariki mwaka 1943. Katika miaka ya 1930 alichapisha masomo ya Biblia nzima, kitabu kwa kitabu. Kila kitabu alikiuliza mambo machache: Ujumbe wake mkuu ni upi? Nani aliandika? Kinahusu kipindi gani? Habari zake zimepangwaje? Maelezo yake ni mafupi. Usipofungua Biblia yako mwenyewe, hufiki mbali.

Kwaya inahusikaje? Sisi tumezoea mstari. Mtunzi anapata mstari mtamu, sauti zinapangwa, Jumapili tunaimba. Ndivyo tulivyofanya na Yeremia 29:11. Tuliuimba hospitalini kando ya kitanda cha mama mmoja wetu, kwa furaha nyingi, kana kwamba kesho yake angeruhusiwa kwenda nyumbani. Hakurudi. Baada ya mazishi mwanawe alituuliza, kwa upole, kama tulikuwa tumesoma sura yote. Hatukuwa tumesoma.

Tukaketi na maswali ya Pearlman. Kumbe ile ni barua, Yeremia akiwaandikia watu waliohamishwa mpaka Babeli. Mstari wa 10 unataja miaka 70! Wazee waliosikia barua ile ikisomwa hawangeiona tena Yerusalemu. Waliambiwa wajenge nyumba, wapande bustani, wauombee mji wa waliowateka. Na bado ahadi ilikuwa yao.

Wimbo hatujauacha. Leo mtausikia ukianza na ubeti mpya, ule wa miaka 70, ukiimbwa polepole na besi peke yao. Tulimwomba yule kijana ruhusa kwanza. Amesema atakuja.